Basket haiko jiwe la kuokota

Kila mutu wa Kisangani anajua zile barabara za Makiso fasi kuta za ma-comptoir zilichorwa almasi kubwa kuliko kichwa cha mutu. Creuseur anatoka kule Banalia ao Bafwasende, anafika na jiwe lake limefungwa mu karatasi, anaingia, anatoka. Mbele ya mulango kama ule nilikutana na papa mumoja, muchimbaji wa siku nyingi, pamoja na mutoto wake. Mutoto iko na miaka 16, na tayari anainama kidogo kila anapoingia mu nyumba. Mu mufuko papa alikuwa na makuta ya jiwe yenye aliuza ile asubui. Kuko bwana mumoja alikuwa amemuahidi kwamba akitoa dola 600, mutoto atapelekwa Ulaya kucheza basket, na mwaka wenye kufuata atakuwa anatuma makuta nyumbani. Papa alitaka kujua kama yale maneno ni ya kweli. Kama ni uongo, mutoto atarudi naye ku chantier, juu kule kunakosa mikono.

Nilimuomba siku chache. Hii njo jibu yangu, na ninaiandika hapa sababu haiko yeye peke yake anayeuliza.

Ili kumujibu vizuri, nitaeleza musimu moja tu: ule wa mwaka 2022. Njo musimu wenye klabu ya inchi yetu ilicheza mu ligi kubwa ya basket ya kulipwa ya Afrika. Kutoka 2021 mpaka 2025 ile ligi imecheza misimu 5. Congo ilionekana mara moja.

Ligi yenyewe

Inaitwa Basketball Africa League, kwa kifupi BAL. NBA ya Marekani na FIBA, shirikisho la basket la dunia, waliitangaza mwezi wa 2 mwaka 2019. Ilikuwa ianze Dakar mwezi wa 3 mwaka 2020, lakini ugonjwa wa Covid ulifunga milango yote. Ilianza kweli mwezi wa 5 mwaka 2021, ku Kigali, na klabu 12. Zamalek ya Misri ilibeba kombe la kwanza, ilishinda US Monastir ya Tunisia 76 kwa 63. Kati ya zile 12, ya kwetu haikukuwa.

Mwaka wenye ulifuata, 2022, BC Espoir Fukash ya Lubumbashi iliingia. Kwa sisi wa Boyoma, Lubumbashi ni mbali kama inchi ingine, lakini siku ile tulikuwa Wakongomani wote. Klabu ziligawanywa mu makundi mawili ya klabu 6. Kundi moja lilicheza Dakar. Lingine, lenye Espoir Fukash ilikuwa ndani, lilicheza Cairo mwezi wa 4. Kila klabu ilikuwa na mechi 5. Klabu 4 za kwanza za kila kundi zinaenda Kigali kutafuta kombe, 2 za mwisho zinarudi nyumbani.

Angalieni walikutana na nani. Zamalek, wenye kombe mu mikono, tena kwao nyumbani. Petro de Luanda ya Angola, klabu yenye nyuma yake kuko Sonangol, kampuni ya petroli ya serikali. FAP ya Cameroun, klabu ya jeshi na polisi. Cape Town Tigers ya Afrika ya Kusini. Na Cobra Sport ya Juba, Sudani ya Kusini. Klabu ya Lubumbashi haikufika mu zile 4. Ilirudi, na Kigali walienda wengine. Mwisho wa mwezi wa 5, US Monastir ilishinda Petro 83 kwa 72 na ikabeba kombe.

Wengi mu inchi walisema tu: tulishindwa. Mimi ninauliza swali lingine. Je, wale walioshinda walifanya nini mu ile miezi yote yenye kamera haikukuwa?

Kombe linaanza mbali

Wachimbaji mutanielewa haraka kuliko watu wa ofisi. Nyuma ya kila jiwe kuko PDG mwenye aliweka makuta mu shimo mbele ya mutu yeyote kuona kitu. Alinunua mafuta ya motopompe, alilisha watu, alingoja. Kama PDG anachoka mu mwezi wa pili, shimo linajaa maji, na kazi yote imekufa.

Basket ya kulipwa iko vile vile. Mu Angola, petroli njo inabeba Petro. Mu Rwanda, klabu ya REG ni ya kampuni ya umeme, na APR ni ya jeshi. Kule Mombasa, Kenya, kampuni ya bandari iko na ekipe yake. Muchezaji wa klabu kama zile anajua mwisho wa mwezi utamufikia na mushahara. Anafanya mazoezi asubui na mangaribi, anakula, na kama mguu unauma kuko munganga wa kumuangalia. Sisi pia tuliona ile namna mu Katanga: Union Minière, na kisha Gécamines, hazikuchimba shaba tu, zilijenga masomo, hospitali na viwanja vya michezo kwa wafanyakazi na watoto wao. Njo maana hata leo mutu akisema michezo mikubwa ya Congo, neno Lubumbashi haliko mbali.

Jambo la pili ni shampiona ya inchi. Mutu haamuki tu na kuingia BAL. Klabu inapaswa kwanza kuwa bingwa wa inchi yake. Kisha kuko klabu zenye zinaingia moja kwa moja, na zingine zinapita mu mechi za kutafuta nafasi, zikipambana na mabingwa wa inchi zingine. Kwa hiyo, kama shampiona ya inchi inakawia, ao inachezwa haraka haraka mu siku chache, ekipe inafika mbele ya Wamisri na Waangola ikiwa bado haijapikwa.

Na hapa, ndugu zangu, ukubwa wa inchi yetu unatuumiza. Kutoka Kisangani mpaka Kinshasa, kwa muto, ni karibu kilometre 1700. Ma-baleinière zinachukua siku na siku. Barabara munazijua wenyewe. Inabaki ndege. Hesabuni: wachezaji 12, coach, musaidizi wake, munganga. Ni tikiti 15 za kwenda na 15 za kurudi, kwa mechi moja. Mu Rwanda ekipe inapanda bus, inacheza, na usiku kila mutu analala kwake. Klabu ya kule inaweza kucheza kila juma, mwezi na mwezi. Kwetu, mara nyingi klabu za majimbo zinakusanywa mu muji moja, zinacheza siku chache, kisha kila mutu anarudi kwake kungoja mwaka mwingine. Ile ni mashindano muzuri, lakini haiko musimu. Musimu ni kucheza leo, kushindwa, kurekebisha, kucheza tena juma lenye kufuata.

Watu watasema: sisi ni masikini. Sawa. Lakini mwaka 2024 Bangui Sporting Club ya Centrafrique ilikuwa mu BAL. Bangui iko ngambo ya muto Ubangi, jirani yetu kabisa, na vita waliona kama sisi. City Oilers ya Uganda ilicheza 2023 na 2024. Nairobi City Thunder ya Kenya iliingia 2025. Dynamo ya Burundi ilifika pia mu 2024, lakini musimu wake ulikufa inje ya kiwanja: ilikataa kuvaa maandishi ya Visit Rwanda ku nguo ya mechi, ikafutwa mu mashindano. Na Petro, yenye ilipoteza kombe 2022, haikuvunjika. Ilirudi, na mwaka 2024 ilishinda Al Ahly ya Benghazi, Libya, 107 kwa 94. Ilikuwa klabu ya kwanza ya kusini ya Sahara kubeba lile kombe. Kutoka kushindwa mpaka kushinda ilichukua miaka 2, na mushahara haukukatika.

Urefu tuko nao

Papa aliniuliza kama urefu wa mutoto wake unatosha. Nikamuambia urefu haujakosa Congo hata siku moja. Dikembe Mutombo, mutoto wa Kinshasa, alicheza misimu 18 mu NBA, alichaguliwa mara 4 kuwa mulinzi bora wa ligi, na alizuia mipira 3289, ni mutu mumoja tu anamupita. Bismack Biyombo na Oscar Tshiebwe wote wawili walizaliwa Lubumbashi. Jonathan Kuminga wa Goma alibeba kombe la NBA na Golden State Warriors mwaka 2022, ule ule mwaka wenye Espoir Fukash ilirudi kutoka Cairo.

Na tusisahau ba mama. Wanawake wa Zaïre walikuwa mabingwa wa Afrika 1983, 1986 na 1994, na walicheza michezo ya Olimpiki ya Atlanta mwaka 1996. Mwadi Mabika, mumoja wao, alienda Los Angeles na akabeba kombe la ligi ya wanawake ya Marekani mara 2, 2001 na 2002. Kwa hiyo papa mwenye binti murefu, hii makala inamuhusu vile vile.

Lakini angalieni njia yenye walipita. Mutombo alifika Marekani mwaka 1987 juu ya masomo: alipewa bourse, na alitaka kuwa munganga. Basket ilimukuta ku université. Kama hakukuwa na diploma yake ya hapa Congo, ile bourse haingemufikia. Mbele ya kufa mwaka 2024 alikuwa ameacha hospitali kubwa ku Kinshasa yenye jina la mama yake. Biyombo aliondoka nyumbani akiwa na miaka 16, akacheza Yemen, kisha Espagne, na mwaka 2011 NBA ilimuchagua wa 7. Wakati papa yake alikufa, alitoa mushahara wake wote wa musimu wa 2021-2022 kwa kujenga hospitali mu inchi. Hakuna hata mumoja kati yao mwenye alitoka moja kwa moja mu shampiona yetu ya inchi mpaka kule. Kila mumoja alipita mu dirisha, sababu mulango haukukuwa.

Sasa sikilizeni hii. Mu ile Cairo ya 2022, mu ekipe ya Cobra Sport, mulikuwa kijana wa miaka 15 anaitwa Khaman Maluach. Alizaliwa Sudani ya Kusini, alikomalia Kawempe, ku Kampala, kwanza akicheza mupira wa miguu. Alichukuliwa ku masomo ya basket ya NBA kule Senegal, yenye inafundisha watoto na basket na darasa. BAL iliweka sheria muzuri: kila klabu ipokee kijana mumoja wa ile masomo. Vile Maluach alicheza na Cobra 2022, na AS Douanes ya Dakar 2023, na City Oilers 2024. Kisha akasoma mwaka moja ku université ya Duke, Marekani, na mwezi wa 6 mwaka 2025 alichaguliwa wa 10 mu NBA. Alicheza mu kundi moja na ekipe ya Lubumbashi. Misimu 3 na mwaka wa université, moja nyuma ya ingine, njo ilimufikisha.

Kwa hiyo, papa, njo kile nilitaka kukuambia: basket haiko jiwe la kuokota. Ku shimo mutu anaweza kuchimba miezi 8 bila kitu, na siku moja jiwe linaangaza mu tamis, maisha inabadilika kabla ya jua kuzama. Mu basket ile siku haiko. Kuko juma, na juma, na juma.

Dola 600

Juu ya ule bwana. Mimi simujui, na sitasema ni mwizi. Nitasema tu namna kazi inaenda. Klabu yenye inataka muchezaji njo inamulipa. Inanunua tikiti, inatafuta visa, inaandika kontra yenye jina la klabu, muda wa kazi na mushahara. Mu kontra ya mutoto wa miaka 16, muzazi anapaswa kusoma kila ukurasa na kuweka mukono. Kama mutu anakuomba makuta ili mutoto afanye kazi, jiulize nani anauza na nani ananunua. Wewe muchimbaji hauwezi kulipa comptoir ili ipokee almasi yako. Muulize jina la klabu, muji, na namba ya simu ya klabu yenyewe. Kama anakasirika, umekwisha kupata jibu.

Na kitu ingine, sitakificha: mutoto wa miaka 16 hana fasi ku chantier. Sheria ya mines ya mwaka 2002, yenye ilirekebishwa mwezi wa 3 mwaka 2018, inatoa karte ya creuseur kwa mutu mukubwa tu. Ninajua maisha iko nguvu, ninajua nani anatumwa kubeba mizigo. Lakini mugongo wenye unabeba mifuko ya muchanga ku miaka 16, ku miaka 20 haurukii tena kitu. Kama mutoto iko na mwili wa basket, shimo litaukula wa kwanza.

Cement ya 28 kwa 15

Basi wapi pa kuanzia hapa kwetu? Kiwanja cha basket ni metre 28 kwa 15. Pete iko juu metre 3 na sentimetre 5, ku Kisangani kama ku Chicago. Mechi ni vipindi 4 vya dakika 10. Haiombi nyasi, inaomba cement yenye imelala sawa, vyuma viwili, na mupira. Kiwanja kimoja mu uwanja wa masomo kinatumikia watoto mamia, wavulana asubui, wabinti mangaribi.

Makuta itatoka wapi? Ile ile sheria ya 2018 inasema kampuni yenye kibali cha kuchimba itoe sehemu 0,3 kwa 100 ya mauzo yake kwa kazi za maendeleo ya wenyeji. Na mu redevance minière, 15 kwa 100 inaenda ku commune, secteur ao chefferie fasi uchimbaji unafanyika, na 25 kwa 100 inaenda ku jimbo. Ni kweli, mu Tshopo kazi mingi ni ya mikono, na ile sheria inahusu kampuni, haihusu creuseur na beleshi yake. Lakini fasi kampuni iko, wenyeji wako na haki ya kukaa ku meza na kusema wanataka nini mu cahier des charges. Mara nyingi tunaomba masomo, kituo cha afya, maji. Tuko sawa, hivyo vinatangulia. Ila wakati munaomba masomo, ombeni pia ile cement ya 28 kwa 15 nyuma ya darasa. Bei yake, kando ya bei ya jengo lote, ni ndogo.

Kisha FEBACO, shirikisho letu la basket, na wakubwa wa michezo wapange shampiona yenye tarehe. Kama ndege ni bei, majirani wacheze kwanza kati yao, kila jimbo na musimu wake wa miezi, na mabingwa tu njo wapande ndege. Vijana wa Kisangani wakicheza kila juma na wa Mangobo, wa Kabondo, wa Tshopo, na wale wa Lubunga wenye wanavuka muto, siku ya kukutana na Lubumbashi ao Kinshasa hawatakuwa wageni wa mupira.

Nilirudi kumuona papa na kumueleza haya yote, polepole, mutoto akisikiliza. Sikujua kama nimemusaidia ao nimemuzimia taa. Alinyamaza wakati murefu. Hakuniuliza tena juu ya Ulaya, wala juu ya NBA. Aliuliza kitu kimoja: kiwanja cha karibu kiko Makiso, wao wanakaa mbali mu Mangobo, na mazoezi ni mara 4 kwa juma. Nani atalipa toleka?

Nikamuambia: ile bei ya toleka, papa, musimu unaanzia pale. Alitoa makuta ya jiwe mu mufuko, akaanza kuhesabu mbele ya mutoto wake kwenda na kurudi, mara 4, mpaka mwisho wa mwaka wa masomo.